Ndizi, parachichi, embe na kisu

Mwaka juzi mwezi wa kumi na mbili nilimpeleka mpwa wangu kwenye intavyuu ya shule moja ya inglishi midiamu hapa Mbeya mjini. Jina la shule naliacha. Dogo alikuwa na miaka nane, kamaliza darasa la pili shule ya serikali kule Rungwe alikokuwa anaishi na bibi yake, yaani mama yangu mzazi, na dada yangu ambaye ana meza ya nyanya na vitunguu Mwanjelwa alikuwa amejibana miaka miwili kupata ada ili mtoto wake aje mjini waishi wote. Siku yenyewe dada hakuweza kuacha biashara, si unajua tena msimu wa sikukuu, akanambia kaka nenda naye wewe. Tukapanda kosta ya alfajiri Tukuyu, ukungu mzito mpaka Isongole gari la mbele hulioni, dogo kavaa viatu vipya vinambana na hasemi kama vinambana, tukashuka Nane Nane tukachukua bajaji mpaka getini.

Walinikubalia nikae nyuma. Madam akatoa kadi zimefunikwa plastiki juu, akaweka ya kwanza mezani, ina picha nne, akauliza kwa Kiingereza. Dogo kimya. Akarudia kwa Kiswahili, na nimtendee haki, alirudia kwa upole kabisa, "kipi hapa hakihusiani na wenzake?" Picha zilikuwa ndizi, parachichi, embe na kisu. Dogo akaziangalia muda mrefu, yaani mrefu kweli mpaka mimi niliyekaa nyuma jasho likanitoka, halafu akaweka kidole kwenye embe. Madam akauliza una uhakika? Dogo akainamisha kichwa. Kalamu ikaandika kitu kwenye fomu. Kadi zilizofuata sizikumbuki vizuri maana akili yangu ilibaki kwenye ile ya kwanza, nakumbuka tu kila akiulizwa "una uhakika?" dogo anazidi kunyamaza, na kila akinyamaza kalamu inaandika.

Baadae nikaitwa ofisini. "Mzazi, mtoto ana nidhamu nzuri sana, ila aikyu yake iko chini, tunashauri aanze upya darasa la kwanza."

Neno lile, aikyu, yaani alama ya testi ya akili, lilitamkwa vile unavyotamkiwa majibu ya maabara hospitali, kitu kimepimwa kimeonekana, kimekwisha. Nilisema asante mwalimu, nikamshika dogo mkono tukatoka.

Kwenye bajaji nikamuuliza, kwa nini ulisema embe? Akanijibu bila hata kufikiri, "Embe linatoka Kyela."

Kwa asiyejua huku kwetu nieleze kidogo. Rungwe ni baridi na mvua karibu mwaka mzima, ndizi na parachichi na chai ndio mahali pake, embe halina maisha kule juu. Ukitaka embe unasubiri wanaopanda kutoka Kyela, chini kule kando ya Ziwa Nyasa kwenye joto, kwenye mpunga na kakao. Halafu ndizi kwa bibi yake sio tunda. Ndizi ni chakula, ni ugali wetu sisi, inamenywa kwa kisu, inakatwa kwa kisu, na parachichi linapasuliwa kwa kisu hichohicho linaliwa pamoja na ndizi. Kwa hiyo mtoto alitazama picha nne akaona jiko la bibi yake limekamilika, ndizi ipo, parachichi lipo, kisu kipo, na pembeni kuna mgeni mmoja kapanda na kosta kutoka Kyela. Nilipoelewa hivyo niliomba dereva asimame, sio kwa sababu ya kitu chochote, nilitaka tu kushuka nipumue.

Jibu la fomu bila shaka lilikuwa kisu, kwamba vile vitatu ni matunda. Na sisemi kwamba hilo jibu ni baya. Nasema ni jibu la nyumba moja na jibu la dogo ni la nyumba nyingine, na aliyeshika kalamu anaijua nyumba moja tu.

Basi tangu siku ile nimekuwa nasoma hii habari, usiku mwingi na bando nyingi, na nataka niwaandikie nilichokutana nacho kwa sababu najua humu Mbeya, Iringa, Njombe, Songwe kuna wazazi wengi wameambiwa neno lile na wameondoka wameinamisha kichwa kama mimi.

Kitu cha kwanza kilichonishika kilitoka Liberia. Miaka ya sitini na kitu watafiti wa Kimarekani, Michael Cole na wenzake, walikuwa wanafanya kazi kwa watu wanaoitwa Wakpelle, wakulima wa mpunga. Waliwawekea watu wazima vitu ishirini wavipange kwa makundi, na vitu vyenyewe ni vyakula, nguo, zana za kazi na vyombo vya kupikia. Mpimaji anategemea vyakula viende na vyakula na zana na zana. Wakulima wakapanga vingine kabisa, kisu wakakiweka na chungwa, jembe wakaliweka na kiazi. Wakaulizwa, wakajibu hivi ndivyo mtu mwenye hekima anavyofanya. Mmoja wa wale watafiti, Joseph Glick, ndiye aliyekuja kusimulia kilichofuata, kwamba mpimaji alipokata tamaa akauliza sasa mjinga yeye angepanga vipi? Papo hapo wakapanga makundi manne safi, vyakula huku, nguo huku, zana huku, vyombo huku. Kile kile mpimaji alichokuwa anakitafuta tangu mwanzo.

Nilisoma hiyo nikakaa kimya muda mrefu. Jembe na kiazi! Nenda Uyole au Makete umuulize mkulima yeyote wa viazi jembe linakwenda na nini. Uwezo wa kupanga kwa aina wale wakulima walikuwa nao siku zote, ila hakuna aliyewaambia kwamba mezani pale ndio ulikuwa unatakiwa, na kwao mtu mzima kupanga vitu kwa namna isiyo na kazi yoyote ilikuwa ni dalili ya upungufu. Hapo ndipo nilipoanza kuona kwamba testi ya akili kabla haijapima kitu kingine chochote inapima kama umeshajua huyu anayeuliza anataka nini, na hilo halifundishwi na akili, linafundishwa na kukaa na watu wa aina yake.

Sasa hivi vipimo vilianzaje? Na hapa ndipo nilishangaa, kwa sababu mwanzo wake ulikuwa mzuri. Mwaka 1905 Paris, Ufaransa, Alfred Binet na mwenzake Théodore Simon walitengeneza kipimo cha kuwatambua watoto watakaohitaji msaada wa ziada shuleni. Basi. Binet mwenyewe alikataa kabisa wazo kwamba akili ya mtoto ni kiasi kilichofungwa kisichoongezeka, aliamini inafundishika. Kipimo kilikuwa mlango wa kumwingiza mtoto kwenye msaada. Kilipovuka bahari kwenda Marekani kikageuzwa. Henry Goddard alikipeleka Ellis Island mwaka 1913, kisiwa cha New York walikokuwa wanashukia wahamiaji, watu wametoka melini wamechoka, wengine hawajawahi kushika penseli, akawapima kupitia mkalimani, halafu akatangaza kwamba kwenye makundi aliyoyapima, Wayahudi, Wahangari, Waitaliano na Warusi, karibu wanne kati ya kila watano ni taahira. Wajukuu wa watu hao leo ni madaktari na mahakimu wa nchi hiyohiyo.

Halafu ikaja vita ya kwanza ya dunia. Mwaka 1917 Robert Yerkes akaongoza kazi ya kuwapima wanajeshi, mpaka inaisha walikuwa wamepimwa watu wapatao milioni 1.7. Kulikuwa na karatasi mbili, Alfa kwa wanaosoma Kiingereza na Beta kwa wasiosoma, na Beta ilikuwa ya picha tupu kwa sababu waliona picha haina lugha. Nataka mtu asome hapa taratibu, kwa sababu kosa hilo bado linafanyika. Picha moja ilikuwa uwanja wa tenisi usio na neti, useme nini kimekosekana. Nyingine taa ya umeme haina ule uzi wa ndani. Nyingine nyumba haina bomba la moshi juu ya paa. Kuna mwanajeshi mmoja kutoka Sicily, Italia, yeye kwenye ile nyumba alichora msalaba, pale pale ambapo nyumba za kwao zinakuwa na msalaba. Akawekewa mkasi.

Nyumba ya bibi yangu mimi mzaa mama, ile ya mianzi na matope iliyokuwepo nikiwa mdogo, moshi ulikuwa unatoka kwenye nyasi za paa zote kwa pamoja, asubuhi ukiwa mbali unaona nyumba nzima inafuka kama mkaa uliomwagiwa maji. Ningeulizwa ile picha nikiwa na miaka nane ningesema haijakosa kitu. Picha nayo ni lugha, ina misamiati yake, unaisoma kwa sababu umekuzwa nayo.

Niendelee. Kule Marekani kwenyewe jambo hili lilifika mpaka mahakamani, mwaka 1979 jaji Robert Peckham wa California aliamua kwamba vipimo vya aikyu visitumike kuwapeleka watoto weusi kwenye madarasa ya wenye upungufu wa akili, baada ya kuonekana kwamba madarasa hayo yamejaa watoto weusi kuliko idadi yao shuleni. Kwa hiyo mwenye mali alishaona kasoro ya mali yake zaidi ya miaka arobaini iliyopita, sisi huku bado tunaipokea kama mpya.

Sasa nije kwa mama yangu.

Nilikuwa nimesoma habari ya Alexander Luria, mwanasaikolojia Mrusi, alikwenda Uzbekistan mwaka 1931 na 1932 kuongea na wakulima ambao hawakusoma. Alikuwa anawapa fumbo hivi, kaskazini ya mbali kwenye theluji dubu wote ni weupe, Novaya Zemlya iko kaskazini ya mbali na huko kuna theluji siku zote, je dubu wa huko wana rangi gani? Wengi walikataa kujibu. Mmoja alisema yeye amewahi kuona dubu mweusi, wengine hajawahi kuwaona. Wengine walisema kamuulize aliyefika huko. Luria alihitimisha kwamba shule na kazi za pamoja ndizo zinazomfundisha mtu kufikiri nje ya alichokiona, na wapo waliomsoma wakasema basi wasiosoma hawawezi kufikiri kimantiki.

Nikasema ngoja. Likizo ya Pasaka nikaenda nyumbani, jioni tumekaa jikoni, nikamgeuzia mama lile fumbo, nikaweka nyani badala ya dubu. Nikamwambia mama, huko Usangu nyani wote wana mkia mfupi, kuna kijiji kimoja kiko Usangu, je nyani wa hicho kijiji mkia wao ukoje? Mama akaniangalia. Akaniuliza hicho kijiji umefika? Nikasema hapana. "Sasa mwanangu tuseme nini juu ya mkia wa nyani wa watu?"

Huyu ni mama ambaye amekaa kwenye mabaraza ya ukoo kusuluhisha mashamba miaka thelathini. Amekaa chini ya ule mti akisikiliza watu wakisema "nasikia fulani alisogeza mpaka", na kazi yake pale ni swali moja tu, wewe uliona? Kwake kusema jambo usiloliona ni udhaifu wa akili na ni dhambi juu yake. Na mantiki anayo, tena kali. Kesho yake asubuhi mtu wa kununua ndizi alikuja na hesabu yake akasema mama kama mikungu yote ya leo ni midogo na huu ni wa leo basi huu ni mdogo, mama akamwambia wa leo ni ile uliyoikuta imelala pale, huu nimeukata jana, upime upya. Alimfungua yule mfanyabiashara kwa sentensi moja. Fumbo la nyani alilikataa kwa sababu ya maadili, na hakuna kipimo chochote nilichosoma mimi kinachompa mtu alama kwa kukataa kusema asichokijua.

Na hapa ndio niseme juu ya neno lenyewe, akili. Sisi Wanyakyusa tunasema amahala. Ukimtafsiria mtu amahala kama akili umemdanganya nusu. Amahala ni akili na hekima na kujua kukaa na watu, vyote viko kwenye chungu kimoja, na wazee wanasema amahala unayapata kwa kukaa na wenzako mkiongea, ukwangala, sio ukiwa peke yako na karatasi. Mtoto anayekariri vizuri lakini anampita mzee bila kusema mwaghonile, hakuna mtu kijijini atakayesema yule ana amahala.

Kumbe sio sisi tu. Hapo jirani Zambia, ukivuka Tunduma, kuna mtu anaitwa Robert Serpell amefanya kazi miaka mingi sana, na upande wa mashariki kwa Wachewa alifanya kitu ambacho mimi nakiona ni cha heshima. Badala ya kuwapima watoto kwanza, aliwauliza watu wazima wa kijiji. Likitokea jambo la haraka, kati ya watoto hawa ungemtuma nani? Na kwa nini? Neno lao ni nzelu, na alikuta nzelu ina sehemu mbili, kuchenjela ambayo ni ule wepesi, ujanja wa kichwa, na kutumikila, yaani anatumika, ukimpa kazi inafika. Msomaji wa Kiswahili hahitaji hata kutafsiriwa hilo neno la pili. Na mtoto mwenye la kwanza bila la pili kwao hana nzelu, ni wa kuogopwa. Alipowalinganisha watoto waliochaguliwa na wazee na alama za vipimo vya kizungu havikwenda pamoja kama vipimo vinavyodai. Uganda nako Mallory Wober aliwahi kukuta kwamba kwa Waganda wa vijijini mtu mwenye akili ni wa taratibu, mwangalifu. Na testi ina saa. Kipimo kinakupa sekunde, mila inakwambia usiropoke mbele ya mtu mzima, mtoto afanye nini? Mpwa wangu alikaa muda mrefu kabla ya kuweka kidole kwa sababu bibi yake amemfundisha kwamba mtu mzima akikuuliza kitu ambacho yeye mwenyewe anakijua, na kisu anakiona, na ndizi anaiona, basi kuna jambo, fikiri kwanza. Na akiuliza tena "una uhakika?" maana yake umekosea, inama.

Serpell huyohuyo ana kazi nyingine ya mwaka 1979 ambayo ningependa kila mwalimu aijue. Alichukua watoto wa Lusaka na watoto wa Manchester, Uingereza, akawapa kazi ileile ya kuiga umbo, lakini kwa njia tofauti. Kwa penseli na karatasi watoto wa Uingereza waliwashinda. Kwa waya, wale wa Lusaka wakawashinda wa Uingereza. Kwa udongo wakawa sawa. Sasa mtu aliyekulia Mbeya au Iringa anaelewa hili bila maelezo, sisi tumetengeneza magari ya waya, tairi za kandambili, usukani mrefu unasukuma umesimama, na wengine walikuwa wanatengeneza mpaka springi na taa. Ukiwa na kipimo cha karatasi tu, unatangaza kwamba mtoto wa Lusaka haoni maumbo. Ukibadilisha kifaa, anaona kuliko wengine. Zambia wakaja na kipimo chao, kinaitwa Panga Munthu, mtoto anapewa udongo atengeneze mtu. Kule kwingine mtoto anaambiwa achore mtu kwa penseli, hapa anafinyanga. Nimefikiria sana juu ya watoto wa Ikombe kule Matema wanaokulia kwenye vyungu, mama zao wanafinyanga vyungu vinavyouzwa mpaka Mbeya mjini, sijui ni testi gani ya mjini ingewahi kuwaonyesha walivyo.

Kenya upande wa Ziwa Victoria, Robert Sternberg na wenzake walichapisha mwaka 2001 kwamba watoto wa vijijini wa Kijaluo walikuwa wanajua dawa za miti kwa kiasi kikubwa, ugonjwa gani dawa gani, na waliokuwa wanajua zaidi dawa ndio walioelekea kupata chini zaidi kwenye vipimo vya msamiati wa Kiingereza. Sio kwamba dawa zinaharibu kichwa. Ni kwamba mtoto ana siku moja tu, na kila familia inaitumia siku hiyo kumfundisha kile inachoona kitamfaa.

Kuna watakaosema sawa, basi tutumie vile vipimo vya maumbo matupu, havina ndizi wala embe. Vipo, kile cha Raven cha miaka ya thelathini ndio maarufu, unaona mchoro una pengo unachagua kipande kinachofaa. Kilisifiwa sana kwamba hakina utamaduni. Lakini Embu, Kenya, watoto wa kijijini walipimwa mwaka 1984 na wengine wa umri uleule wakapimwa 1998, na alama kwenye kipimo hicho zilikuwa zimepanda sana. Miaka kumi na nne. Damu ya watu haibadiliki miaka kumi na nne, kilichobadilika ni chakula, ni wazazi waliosoma, ni vitabu na picha kuingia nyumbani. Kwa hiyo hata maumbo matupu yanajifunzwa.

Lakini kazi ambayo imenipa nguvu kuliko zote imefanyika hapahapa nchini, Bagamoyo. Ni Sternberg tena na wenzake, ilichapishwa mwaka 2002. Walichukua watoto wa shule wa miaka 11 mpaka 13, watoto 358, wakawapima kama kawaida, kupanga vitu kwa makundi, mafumbo ya mantiki, na ule mchezo wa kubahatisha kwa kuuliza maswali ishirini. Halafu wakafanya ambalo mtu mwenye haraka hawezi kulifanya, wakakaa nao chini ya saa moja wakawaonyesha mchezo huu unachezwaje, unatafuta nini. Wakawapima upya. Alama zikapanda, kuliko wenzao 100 ambao hawakuelekezwa. Na zaidi ya hapo, mpangilio ulibadilika, aliyekuwa wa chini mwanzo hakuwa lazima wa chini mwisho, na ni alama za mara ya pili zilizoeleza vizuri zaidi uwezo wa mtoto kwenye mambo mengine. Chini ya saa moja! Madam na mpwa wangu wangehitaji dakika tano. "Mwanangu, kwenye mchezo huu tunatafuta vitu vya aina moja, tujaribu mmoja wa mfano, haya kuku, bata, kanga na sufuria." Basi. Ungeona.

Sitaki mtu aondoke hapa akidhani nasema vipimo vitupwe. Dada mmoja tunayesali naye Iyunga ana mtoto aliyechelewa kuongea, na kipimo alichofanyiwa mapema ndicho kilichomsaidia mtoto kupata mazoezi, leo anaongea. Malawi, hapo ng'ambo ya ziwa, wametengeneza kipimo chao cha maendeleo ya watoto wadogo kwa kwenda vijijini na kutoa vile vitu ambavyo mtoto wa kijijini havijui, kilichapishwa mwaka 2010, na Kilifi pwani ya Kenya Amina Abubakar na wenzake wametengeneza cha kwao. Inawezekana, inafanyika, na wanaofanya ni majirani zetu. Ninachokataa ni karatasi iliyotungwa kwa mtoto mwenye bafu na jokofu, ikabadilishwa maneno mawili, ikawekwa embe mahali palipokuwa na zabibu, halafu ikatumika kumwambia mama muuza nyanya kwamba mwanae ana upungufu. Kutafsiri neno sio kutafsiri swali. Na ninakataa kabisa mtu mmoja, siku moja, nusu saa, bila kumuuliza aliyemlea mtoto swali hata moja. Hakuna aliyeniuliza siku ile kwamba mtoto huyu anafanya nini nyumbani. Ningewaambia kwamba siku za kuuza majani ya chai yeye ndiye anayekaa karibu na mzani, kwa sababu bibi yake macho hayaoni namba vizuri, anashika kilo za kila kapu kichwani mpaka jioni, na karani akikosea anasema, kwa adabu, lakini anasema.

Dada alilia siku mbili halafu akaamua alipe, mtoto aanze. Hakuanza la kwanza, tulibembeleza wakamweka la pili arudie. Leo anaongea Kiingereza vizuri tu. Sina shida na hilo, nilitaka akijue.

Desemba iliyopita tulienda wote nyumbani. Dogo alikuwa amepewa homuweki ya likizo, kitabu kina maswali ya picha kama yale yale, na usiku akawa anamfundisha bibi yake kwa taa ya sola, nami nasikiliza nikiwa kwenye kigoda pembeni. Mimi ndiye niliyechora ukurasa wa mwisho wa daftari vile vitu vinne, ndizi, parachichi, embe na kisu, nikamsogezea mama sikusema kitu. Dogo akamuuliza kwa Kiingereza kwanza, halafu akamtafsiria. Mama akavuta daftari karibu na taa, akaangalia kwa muda, akaweka kidole kwenye parachichi. Akasema hili bado bichi.

"Hapana bibi," dogo akasema haraka, "ni kisu. Vingine vyote ni fruits."

Mama akaniangalia mimi, akamwangalia mjukuu wake, akarudi kwenye daftari.

"Kwani kisu kimekosa nini?"